Mita ya ndani ya umeme: inamsaidia nini mwenye nyumba anapotuhumiwa kuchezea mita?

Mita ninayoitathmini hapa ni ile ndogo ya fezi moja, yenye upana wa vidole vitatu hivi, inayofungwa ndani ya nyumba baada ya meni swichi ili kuhesabu umeme wote unaoingia katika bodi ya mwenye nyumba. Katika maduka ya vifaa vya umeme ya Chake Chake huitwa kwa kifupi mita ya ndani, na wengi huinunua ili wagawane gharama na wapangaji bila ya ugomvi. Mimi niliinunua kwa sababu hiyo, na pia kwa sababu nyingine ambayo naiona kubwa zaidi: mita ya tukuza, yaani ile ya msambazaji inayojazwa uniti kwa tokeni zilizolipiwa kabla, imeandikishwa kwa jina langu, wanaoutumia umeme wake ni watu wa familia mbili tofauti, na siku itakapodaiwa kwamba mita hiyo imechezewa, atakayeitwa kujibu ni mimi. Kwa hiyo sitakitathmini chombo hiki kwa uzuri wa umbo lake wala kwa wepesi wa kukifunga. Swali langu ni moja tu, nalo ni kama kinaweza kumsaidia mtumiaji wa umeme katika mgogoro na msambazaji, na kama kinaweza, msaada wake unaishia wapi.

Tuhuma ya kuchezea mita ni nzito kuliko madai ya kawaida ya bili kwa sababu inabeba mambo mawili kwa pamoja, yaani deni linalotakiwa kulipwa na kosa la jinai linaloweza kumfikisha mtu mahakamani. Kifungu cha 12 cha Katiba ya Zanzibar ya 1984 kinampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na kinakataza mtuhumiwa kutendewa kama mkosa kabla hatia yake haijathibitishwa. Katika kesi ya jinai anayedai ndiye mwenye mzigo wa kuthibitisha, tena bila ya kuacha shaka ya maana. Hiyo ndiyo sheria, nami naiheshimu. Lakini tukiangalia nani anashika nini siku ya ugomvi, tunakuta kwamba mita ni mali ya msambazaji, kumbukumbu za tokeni zilizouzwa zimo katika mfumo wake, mkaguzi ni mtumishi wake, na mara nyingi hata pahala pa kuipimia mita iliyong'olewa ni pake. Mwenye nyumba amebaki na neno lake na pengine risiti chache zilizofifia wino. Hilo ndilo pengo ambalo mita ya ndani inaweza kuliziba kwa kiasi fulani, na ndiyo maana naona inastahiki kuzungumzwa kwa makini.

Dukani nilioneshwa aina tatu. Ya kwanza ina kioo cha kielektroniki kinachoonesha uniti, volti na ampea kwa zamu, ya pili ina tarakimu za kuzunguka kama zile za mita za zamani, na ya tatu huunganishwa na simu kwa njia ya intaneti na kumletea mwenye nyumba mchoro wa matumizi ya kila saa. Muuzaji aliisifu sana ya kwanza kwa sababu ina maelezo mengi, na kwa mtu anayetaka tu kujua friji lake linakula kiasi gani, sifa hizo ni za kweli. Kwa madhumuni ya ushahidi, hata hivyo, ina kasoro mbili ambazo haziwezi kupuuzwa. Kioo chake huzimika umeme unapokatika, na katika mgogoro wa kuchezea mita jambo la kwanza linalotokea ni umeme kukatwa, hivyo mtu hubaki na shahidi asiyeweza kusema katika siku ile ile anayohitajika. Kasoro ya pili ni kwamba baadhi ya mita za aina hiyo zina kitufe cha kurejesha hesabu kwenye sifuri, na mita ambayo mwenyewe anaweza kuifuta haina uzito wowote mbele ya mtu anayemshuku.

Ile ya simu ina faida moja ambayo nyingine hazina, nayo ni kuhifadhi kumbukumbu pamoja na saa na tarehe, tena nje ya nyumba, ambako mwenyewe hawezi kuzibadilisha kwa urahisi. Hata hivyo inategemea intaneti isiyokatika na akaunti iliyofunguliwa katika simu ya mtu mmoja, na simu ikipotea au kampuni iliyoitengeneza ikiacha kuihudumia programu yake, kumbukumbu zinaweza kupotea nazo. Kwa hiyo nilichagua ya tarakimu za kuzunguka. Ina tarakimu tano nyeusi na moja nyekundu, haina kitufe chochote, inasomeka hata kama nyumba nzima imo gizani, na hesabu yake huenda mbele tu. Ipo haja ya kuwafahamisha wanaoisoma kwamba ile nyekundu ni sehemu ya kumi ya uniti, kwa sababu mpangaji wangu aliisoma 00214.6 kuwa uniti 2,146, na kosa la namna hiyo likiingia katika daftari linaharibu kazi yote.

Ufungaji wake si mgumu, lakini una jambo moja ambalo ningependa kila mnunuzi alizingatie kabla hajamwita fundi. Mita hii hukaa upande wa mwenye nyumba, baada ya meni swichi, na waya zake hazina sababu yoyote ya kugusa mita ya msambazaji, mfuniko wake au lakiri zake, ambazo mafundi wetu huziita sili. Fundi akikwambia kwamba lazima afungue mfuniko wa mita ya nje ili apate nafasi ya kupitisha waya, mzuie, kwa sababu lakiri iliyokatwa ndiyo ushahidi wa kwanza ambao mkaguzi yeyote huutafuta, na hakuna atakayejali kwamba ulikuwa unafunga chombo cha kukusaidia. Meni swichi huzimwa, waya wa moto na wa nyutro unaotoka hapo kwenda kwenye bodi hupitishwa ndani ya mita ndogo, na kazi imekwisha. Fundi awe mwenye leseni, aandike jina lake na alichofanya, na mita ya nje ipigwe picha kabla ya kazi na baada ya kazi kwa namna ambayo namba yake na lakiri zake zinaonekana. Mimi nilimwomba jirani yangu, mtu mzima anayeheshimika mtaani, awepo wakati wa kazi na atie saini katika daftari, na nakala ya ukurasa huo nilimpelekea sheha, kiongozi wa serikali wa mtaa wetu.

Kuhusu usahihi, ubao wa mita hii umeandikwa daraja la 1, maana yake katika viwango vya kimataifa vya mita za umeme ni kwamba kosa lake halitakiwi kuzidi takriban asilimia moja katika matumizi ya kawaida. Maandishi kwenye plastiki hayatoshi, kwa hiyo nilitaka kuyathibitisha. Kila mita ya siku hizi ina taa ndogo nyekundu inayowaka na kuzima kwa kadiri umeme unavyopita, na idadi ya kuwaka kwake kwa kila uniti moja huandikwa kwenye uso wa mita. Yangu ya ndani huwaka mara 1,000 kwa uniti, na ya nje mara 1,600. Tulizima kila kitu ndani ya nyumba tukabakisha birika la umeme peke yake, mtu mmoja akasimama kwenye mita ya nje na mwengine kwenye ya ndani, kila mmoja akirikodi taa kwa simu yake. Kila ya ndani ilipowaka mara 100, yaani sehemu ya kumi ya uniti, ya nje ilikuwa imewaka mara 160 au karibu sana na hapo. Mita mbili zilizotoka viwanda tofauti zilikubaliana.

Baadhi ya mafundi hufanya jaribio hili kwa namna ambayo siiamini. Wao husoma kwenye birika kwamba ni la wati 2,000, wakahesabu muda, halafu wakaihukumu mita kwa hesabu hiyo. Birika hutumia wati 2,000 pale tu volti zinapofika kiwango kilichoandikwa juu yake. Volti zikishuka kutoka 230 hadi 210, jambo ambalo jioni katika mitaa ya mwisho wa laini si geni, birika hilo hilo litatumia wati zisizofika 1,700, na mtu atadhani mita inapunja kumbe ni birika lililopungukiwa na nguvu. Mita ilinganishwe na mita, isilinganishwe na birika. Na hata zikilinganishwa mita mbili za daraja la 1, tofauti ya hadi asilimia mbili baina yao si dalili ya ubaya wa yoyote, kwa sababu moja inaweza kuwa juu kidogo na nyengine chini kidogo, zote zikiwa ndani ya mpaka unaoruhusiwa.

Faida kubwa ya chombo hiki lakini haimo katika taa, imo katika daftari. Mita ya tukuza huonesha uniti zilizobakia, na kila tokeni ya tarakimu 20 inayonunuliwa ina idadi yake ya uniti. Kwa hiyo ukichukua salio la mwanzo wa mwezi, ukaongeza uniti zote ulizonunua, ukatoa salio la mwisho wa mwezi, unapata uniti ambazo mita ya nje imezihesabu. Kisha unasoma mita ya ndani na kutoa usomaji wa mwanzo kutoka katika wa mwisho. Katika mwezi mmoja wa daftari langu salio lilianza na 12.4, zikanunuliwa 80, likaisha na 9.1, hivyo mita ya nje ilihesabu uniti 83.3. Ya ndani ilitoka 00214.6 ikafika 00297.4, yaani 82.8. Tofauti ni nusu uniti.

Hesabu hizo zina nguvu kwa sababu njia zinazotajwa sana za kuchezea mita, kama vile kuunganisha waya wa kuiruka mita, kuvuruga sehemu yake ya kupimia au kuiwekea sumaku, zote humalizikia katika jambo moja, nalo ni kwamba umeme unaotumika ndani ya nyumba unakuwa mwingi kuliko ulionunuliwa. Kama ningekuwa na waya unaoiruka mita ya nje na kuingia katika meni swichi yangu, mita ya ndani ingeonesha uniti 130 au 150 pale ambapo tokeni ni za 80. Na upande mmoja wa hesabu hiyo, yaani uniti zilizonunuliwa, uko katika kumbukumbu za msambazaji mwenyewe, ambazo mimi siwezi kuzigusa. Hakimu hahitaji kuniamini mimi katika sehemu hiyo, kwa sababu anaweza kuamuru kumbukumbu hizo ziletwe.

Ni wajibu kusema pia kile ambacho mita hii haiwezi. Haiwezi kuona umeme usiopita ndani yake. Mtu akichukua waya kutoka katika nguzo, au kabla ya meni swichi, akaupeleka moja kwa moja kwenye kiyoyozi au pampu ya maji bila ya kupita kwenye bodi, mita zote mbili zitakubaliana vizuri kabisa na wizi utakuwa unaendelea. Wakili wa upande wa pili atalisema hilo katika dakika ya kwanza, na atakuwa na haki. Jibu la hoja hiyo halimo katika mita, bali katika nyumba yenyewe: njia za waya zionekane, kila kifaa kikubwa kijulikane kinatoka kwenye breka gani, na meni swichi ikizimwa nyumba nzima izime. Jaribio hilo la mwisho huchukua dakika moja, na lifanyike mbele ya mkaguzi siku ile ile ya ukaguzi kabla waya haujaguswa na yeyote. Aidha, daftari lililoanzwa baada ya tuhuma haliwezi kueleza miezi iliyopita. Anayenunua mita hii akiwa tayari amepewa barua ya madai atafaidika nayo kwa siku za mbele tu.

Upande wa pili wa shilingi, ambao wauzaji hawautaji, ni kwamba chombo hiki kinaweza kumshuhudilia mtu vibaya. Ikiwa mita ya ndani inaonesha uniti nyingi kuliko zilizonunuliwa, basi huenda ya nje ina hitilafu au imeguswa, na mwenye nyumba tangu siku hiyo hawezi kusema kwamba hakujua. Ushauri wangu ni kuandika barua kwa msambazaji mara moja, kuomba mita ikaguliwe, na kuweka nakala yenye muhuri wa mapokezi. Aliyeripoti hitilafu mwenyewe anasimama mahala tofauti kabisa na aliyekutwa nayo.

Kuna jambo jengine ambalo mita ya ndani ilinisaidia kulifahamu, na nadhani linahusu nyumba nyingi za Pemba ambazo ndugu wamejenga kwa kuongezeana vyumba mwaka baada ya mwaka. Mita nyingi za siku hizi hulinganisha umeme unaoingia kwa waya wa moto na ule unaorudi kwa nyutro, na zikitofautiana, mita huhesabu kwamba kuna mtu ameiruka au amerudisha umeme kupitia ardhini. Katika nyumba ambazo fundi aliunganisha nyutro za mita mbili pamoja, kwa uvivu au kwa kutojua, sehemu ya umeme wa nyumba moja hurudi kupitia nyutro ya nyengine, na mita zote mbili zinaweza kuonesha ishara ya kuchezewa ingawa hakuna aliyeiba hata uniti moja. Fundi wangu alipokuwa akifunga mita ya ndani aliikuta nyutro ya chumba cha nyuma imefungwa pamoja na ya nyumba ya jirani, akazitenganisha na kuliandika hilo. Kosa hilo la waya likikutwa na mkaguzi mwenye haraka linaweza kuandikwa kwa jina jengine kabisa.

Vivyo hivyo kwa mita zinazojizima zenyewe mfuniko unapofunguka. Katika mfumo wa tokeni za tarakimu 20 imo tokeni maalumu ya kuiondolea mita hali ya kuchezewa, nayo hutolewa na msambazaji peke yake. Kuwepo kwa tokeni ya namna hiyo katika mfumo kunaonesha kwamba waliotunga kiwango hicho walijua kuwa mita inaweza kuingia katika hali hiyo na kisha ikarejeshwa kazini. Mita hurikodi kwamba mfuniko ulifunguka, wala hairikodi mkono uliofungua. Panapokuwa na mita iliyofungwa juu ya nguzo, mbali na nyumba, huku mwenye nyumba amepewa kibao cha kubonyezea namba tu, suala la nani aliyekuwa na uwezo wa kuifikia lazima liulizwe kabla ya lolote jengine.

Nikiendelea na dalili zisizotosha kuwa ushahidi, mifumo ya mauzo ya tokeni humwezesha msambazaji kuona nani amepunguza manunuzi ghafla, na ni haki yake kumfuatilia. Lakini Pemba ina msimu wa karafuu. Familia nzima huondoka mjini kwenda kupiga dago, yaani kuweka kambi ya kuchuma karafuu, mashambani kwa wiki kadhaa, friji likazimwa, nyumba ikabaki na taa moja ya nje. Mwezi huo manunuzi hushuka sana, na yanapanda tena watu wanaporudi na fedha mkononi. Daftari la mita ya ndani linaonesha wazi kwamba matumizi yenyewe ndiyo yaliyoshuka pamoja na manunuzi, na hilo mtu hawezi kulionesha kwa maneno matupu.

Pale tuhuma inapogeuka kuwa madai ya fedha, mita hii ina kazi nyengine ambayo huenda ndiyo yenye faida kuliko zote. Kwa kuwa mita iliyochezewa haikuhesabu, msambazaji hulazimika kukisia, na makisio ya namna hii kwa kawaida hufanywa kwa kuorodhesha vifaa vilivyomo ndani, kuzidisha nguvu zao kwa saa zinazodhaniwa kutumika, na kurudisha hesabu hiyo nyuma kwa miezi. Kiyoyozi cha wati 1,500 kikikisiwa kufanya kazi saa nane kila siku, peke yake kitatoa uniti 360 kwa mwezi. Kiyoyozi cha nyumbani kwangu kimo katika chumba cha wageni na huwashwa usiku wa kaskazi, msimu wa joto, tu, na nyumba nzima katika mwezi niliouonesha hapo juu haikufika hata uniti 84. Bila ya daftari, ningekuwa nabishana kuhusu tabia zangu za usiku mbele ya watu nisiowajua. Nikiwa nalo, anayekisia atalazimika kueleza kwa nini kisio lake ni bora kuliko kipimo.

Nchini India, ambako migogoro hii imefika hadi Mahakama ya Juu, sheria ya umeme ya 2003 imetenganisha mambo haya kwa uwazi. Kifungu cha 126 kinahusu makisio ya matumizi yasiyoruhusiwa, na pale muda wake usipoweza kujulikana, makisio hayarudi nyuma zaidi ya miezi 12 kabla ya ukaguzi, ingawa hutozwa kwa mara mbili ya bei. Kifungu cha 135 kinahusu wizi wa umeme, ukiwemo wa kuchezea mita. Tangu chini ya sheria ya zamani ya 1910, katika shauri la Bodi ya Umeme ya Madhya Pradesh lililoripotiwa 1988, mahakama hiyo ilisema kwamba mgogoro wa mita yenye hitilafu ni wa kuamuliwa na mkaguzi wa serikali, ilhali madai ya udanganyifu wa kuichezea mita si yake. Na mwaka 2013, katika shauri la shirika la umeme la Uttar Pradesh, iliamua kwamba anayepinga makisio ya kifungu cha 126 hawezi kuyapeleka kwenye baraza la walaji.

Maamuzi hayo hayafungi mahakama zetu, kama ambavyo sheria ya umeme ya Tanzania Bara haitumiki kwetu kuamua migogoro ya mita za nyumbani. Ninayataja kwa sababu yanafundisha jambo la kufanya mapema: kabla hujajibu lolote, omba kwa maandishi uambiwe kama unadaiwa kwa sababu mita ilikuwa na hitilafu au kwa sababu umeichezea. La kwanza ni suala la kipimo na marekebisho ya hesabu, la pili ni shutuma juu ya mwenendo wako, na mtu akiyajibu kwa pamoja anaweza kulikubali moja bila ya kukusudia. Kwa Zanzibar, barua ya kwanza iende kwa msambazaji mwenyewe, na ikiwa jibu haliridhishi, malalamiko yapelekwe kwa Mamlaka ya Udhibiti wa Huduma za Maji na Nishati, ZURA, iliyoanzishwa kwa Sheria namba 7 ya 2013. Asiyeweza kuandika vizuri awaone wasaidizi wa sheria waliopo katika shehia, au Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar, ambacho kimekuwa kikiwasaidia wananchi tangu 1992. Barua iambatane na nakala za kurasa za daftari na picha za mita zote mbili. Daftari lenyewe asilitoe mtu mkononi mwake.

Kasoro za bidhaa yenyewe si chache. Haikuja na cheti chochote cha upimaji, na hii ndiyo kasoro kubwa kuliko zote, kwa sababu atakayeulizwa mahakamani "nani alithibitisha kwamba mita yako ni sahihi?" hatakuwa na jibu ila lile jaribio la birika, ambalo ni zuri lakini si la mtaalamu. Maelezo yake ni ya Kichina na Kiingereza tu. Mfuniko wa waya zake una tundu la kutilia lakiri lakini lakiri yenyewe haimo ndani ya boksi, na muuzaji hakuwa nayo. Risiti niliyopewa mwanzo ilisema "mita 1" bila ya zaidi, ikabidi niombe iandikwe namba ya mita na aina yake, jambo ambalo muuzaji alilifanya kwa uungwana lakini akashangaa kwa nini nalihitaji. Wauzaji wa Chake Chake wangewatendea wateja wao wema mkubwa kama wangeagiza zenye vyeti, hata kwa bei ya juu, na kuandika namba ya kila mita kwenye risiti bila ya kuombwa.

Nililipa shilingi 45,000 kwa mita na 20,000 kwa fundi, pamoja na kazi ya kutenganisha nyutro. Kwa mtu mwenye chumba kimoja, taa mbili na televisheni, sioni haja ya gharama hiyo, na inamtosha kuandika salio lake kila mwanzo wa mwezi na kuhifadhi ujumbe wa kila tokeni. Mwenye duka linalotumia fezi tatu haimfai kabisa, atafute ya aina yake. Kwa mwenye nyumba ambaye mita iko kwa jina lake na wengine ndio wanaotumia, naipendekeza bila ya kusita, kwa sharti kwamba wasomaji wake wawe wawili na daftari lisirukwe. Katika mkataba wa mpangaji wangu namba ya mita hii na usomaji wa siku aliyoingia vimeandikwa pamoja na kodi, na sote wawili tumetia saini mbele ya sheha.